Mwongozo kamili: boksi la lita 35 la kupimia zege, na kwa nini nyuso sita hazitoshi

Wanaoniuliza kuhusu boksi la kupimia zege, wawe wa Ipuli na Isevya hapa mjini Tabora au wa Urambo na Sikonge, wanakwama mahali pamoja. Mtu anatengeneza boksi, anapiga urefu mara upana mara kimo, anapata lita 35 kwenye karatasi. Akilijaza, linapokea lita 38. Mwingine anapata 33. Yupo hata aliyepima kwa nje, akaandika 49.

Kanuni inalaumiwa bure. Urefu mara upana mara kimo ni kanuni ya mche mstatili peke yake. Boksi linaweza kuwa na nyuso sita, kona nane na kingo kumi na mbili, likaonekana sawa kabisa kwa macho, na bado lisiwe mche mstatili. Kazi yetu hapa ni kutengeneza boksi moja ambalo kanuni hiyo inalikubali, na kulikagua mpaka tuwe na hakika.

Lita 35 zinatoka wapi? Mfuko wa simenti wa kilo 50 una ujazo wa takriban lita 35. Ukiwa na boksi la lita 35, mchanganyiko wa 1:2:4 unakuwa mfuko mmoja, maboksi mawili ya mchanga, manne ya kokoto. Hakuna kubishana kuhusu koleo zimejaa au hazijajaa.

## Vifaa

- Ubao mmoja wa inchi 1 kwa 10, urefu futi 10. Paini inatosha. Mninga ni mbao nzuri na Tabora ndiko kwake, lakini kuutupia mchanga na kokoto kutwa nzima ni kuutesa. Uache uwe kitanda.
- Vipande viwili vya 2 kwa 2, kila kimoja sm 95, vya kushikia.
- Misumari ya inchi 2½.
- Msumeno, nyundo, randa, penseli, skwea ya seremala.
- Tepu inayosomeka milimita. Tepu iliyofutika sentimita za mwanzo itupe.
- Karatasi ya manila, rula, mkasi na gundi.
- Nailoni kubwa isiyo na tundu, na mizani au dumu la lita 5 lenye alama.
- Ubao mwembamba ulionyooka, sm 60 hivi, wa kukatia mdomo wa boksi.

## Hatua ya 1: Jua umbo unalolitaka

Hatua hii wengi wanairuka kwa sababu haina nyundo. Ndiyo inayowaangusha.

Mche mstatili ni umbo lenye nyuso sita, na kila uso ni mstatili. Tofali la saruji ni mche mstatili. Kiberiti pia. Nyuso zinazotazamana zinalingana, na kila kona ni pembe mraba.

Mchemraba ni mche mstatili ambao urefu, upana na kimo vimelingana, hivyo kila uso ni mraba. Dadu la ludo ni mchemraba. Kwa hiyo kila mchemraba ni mche mstatili, lakini si kila mche mstatili ni mchemraba. Boksi letu la sm 40 kwa 35 kwa 25 si mchemraba, hata kama fundi wako analiita hivyo. Jina hilo likitajwa, msikilizaji atategemea kipimo kimoja tu, na hapo ndipo oda za mbao zinapoharibika: umesema "mchemraba wa 40", umeletewa boksi la lita 64.

Halafu kuna kundi kubwa zaidi, maumbo yote ya nyuso sita, ambalo wanahisabati wanaliita heksahedroni. Humo mna vitu vya ajabu. Piramidi yenye kitako cha pembe tano ina nyuso sita: kitako kimoja na pembetatu tano. Ina kona sita tu na kingo kumi. Ukichukua piramidi mbili za kitako cha pembetatu ukazigandisha kitako kwa kitako, unapata nyuso sita nyingine, safari hii kona ni tano na kingo tisa. Ukihesabu kwa namna nyuso zinavyoungana, na ukiacha yale yenye mabonde, maumbo ya nyuso sita yako ya aina 7.

Hayo mawili hayatatokea kwenye boksi lako la mbao. Linalotokea kila siku ni jingine: boksi lenye kona nane na kingo kumi na mbili kama kawaida, lakini baadhi ya nyuso zake ni misambamba (mistatili iliyolala) au trapeza (mpana upande mmoja, mwembamba upande unaoukabili) badala ya mistatili. Kulihesabia nyuso hakutakuonyesha kitu. Kona zake ndizo zitakazokuambia.

Ukiwa umeelewa: shika kitu chochote chenye nyuso sita ulichonacho ndani, boksi la chai, kipande cha sabuni kilichotumika nusu, ndoo ya mraba ya rangi. Utaweza kusema ni kipi mche mstatili na kipi kimepanuka juu. Ndoo nyingi za mraba zimepanuka juu kidogo ili zipangike moja ndani ya nyingine. Hizo zitoe kwenye kundi.

## Hatua ya 2: Tengeneza mfano wa manila

Usikate mbao kabla ya kukunja karatasi. Manila ni ya bei ndogo, na mfano mdogo utakuonyesha ni ubao upi unakaa nje ya upi.

Tunapunguza mara tano. Sm 40 inakuwa 8, sm 35 inakuwa 7, sm 25 inakuwa 5.

Katikati ya manila chora mstatili wa sm 8 kwa 7. Hicho ni kitako. Kwenye kila upande wenye sm 8 bandika mstatili wa 8 kwa 5. Kwenye kila upande wenye sm 7 bandika mstatili wa 7 kwa 5. Umepata umbo la msalaba lenye upana wa sm 18 na urefu wa sm 17. Ukitaka na kifuniko, ongeza mstatili mwingine wa 8 kwa 7 kwenye ncha ya ubavu mmoja wa sm 8, msalaba uwe na urefu wa sm 24. Acha masikio ya nusu sentimita kwa ajili ya gundi.

Kabla ya kukunja, pitisha ncha butu ya mkasi juu ya kila mstari ukitumia rula, ili mkunjo uwe kali. Mkunjo uliolegea unaleta kona ya mviringo, na kona ya mviringo inakudanganya vipimo.

Msalaba si mpangilio pekee. Kwa mchemraba, yako mipangilio 11 tofauti ya miraba sita inayokunjika ikafunga bila uso kupanda juu ya mwingine. Mwenye watoto wa shule nyumbani awape kazi ya kuitafuta yote, watatulia.

Ukiwa umefanikiwa: mfano unasimama mezani bila kuyumba. Hesabu, mdomo ulio wazi nao ukiwa uso: nyuso 6, kona 8, kingo 12. Kona toa kingo jumlisha nyuso lazima iwe 2, yaani 8 − 12 + 6. Ikija namba nyingine, kuna ukingo umeuhesabu mara mbili.

Ujazo wake ni 8 × 7 × 5, sawa na sm za ujazo 280. Boksi kubwa litakuwa 35,000. Angalia: tumepunguza vipimo mara 5, ujazo umepungua mara 125, kwa kuwa 5 × 5 × 5 ni 125. Liweke hilo kichwani, litarudi mwishoni tukiongeza ukubwa.

## Hatua ya 3: Pima unene wa ubao, kisha panga vipimo vya ndani

Mchanga unakaa ndani. Kipimo cha nje hakina maana yoyote kwa ujazo.

Fanya hesabu uone. Ndani tunataka 40 × 35 × 25, ambayo ni sm za ujazo 35,000, na kwa kuwa lita moja ni sm za ujazo 1,000, hiyo ni lita 35. Ubao ukiwa na unene wa sm 2.5, nje boksi hilohilo linasoma 45 × 40 × 27.5, yaani lita 49.5. Tofauti ni lita 14 na nusu, zote ni mbao.

Ubao wa "inchi moja" ukishapigwa randa mara nyingi unakuwa pungufu ya inchi. Upime wako kwa tepu. Namba ninazotoa hapa chini ni za sm 2.5, wako ukiwa 2.2, badilisha.

Na upana wa "inchi 10" uangalie vilevile. Kwenye boksi hili kimo ndicho kinachouma kuliko vyote. Ukikosea sentimita moja kwenye urefu, umekosea lita 0.875. Kwenye upana, lita moja kamili. Kwenye kimo, lita 1.4, kwa sababu unasogeza uso mkubwa kuliko zote, ule wa 40 kwa 35. Ubao ulionunuliwa kama inchi 10 ukija na sm 24 badala ya 25, boksi linashuka hadi lita 33.6 kabla hujapiga msumari.

Fanya vipimo vyote kwa kipimo kimoja. Ukichanganya inchi na sentimita kwenye kuzidisha, jibu halina jina.

## Hatua ya 4: Kata mbao

Vipande ni hivi, kwa ubao wenye unene wa sm 2.5:

1. Mbavu ndefu mbili, kila moja sm 45 kwa 25.
2. Mbavu fupi mbili, kila moja sm 35 kwa 25.
3. Kitako, sm 45 kwa 40. Unganisha vipande viwili vya sm 45 kwa 20.

Mbavu fupi zinakaa katikati ya mbavu ndefu. Ndiyo maana ndefu ni 45: ni 40 ya ndani kuongeza unene wa mbao mbili. Kitako kinapigiliwa kwa chini, si kuingizwa ndani, la sivyo kinakula kimo.

Jumla unatumia sm 250 za ubao. Futi 10 ni kama sm 305, kwa hiyo kuna baki ya kutosha ukipasua vibaya mara moja.

Tumia skwea kwa kila mkato, pande mbili: upana wa ubao na unene wake. Mkato uliolala kwenye unene hauonekani ubao ukiwa chini, lakini ukiunga, ubavu unalala nao. Huo ndio mwanzo wa boksi lililopanuka.

Angalia: weka mbavu mbili ndefu pamoja, kichwa kwa kichwa. Ukipitisha kidole kwenye ncha kisikwame. Fanya hivyohivyo kwa zile fupi.

## Hatua ya 5: Unga, kisha piga kona

Piga misumari mitatu kila kona ya mbavu, lakini usiizamishe yote. Acha vichwa vitoke kidogo, maana bado tutasukuma.

Sasa tepu. Pima ulalo wa mdomo, kona ya ndani hadi kona ya ndani inayoikabili. Halafu ulalo wa pili. Kwa mstatili wa 40 kwa 35 kila mmoja lazima usome sm 53.1 au 53.2. Namba hiyo inatoka kwenye kanuni ya pembetatu mraba: 40 × 40 ni 1,600, 35 × 35 ni 1,225, jumla 2,825, na kipeuo chake cha pili ni 53.15.

Zikitofautiana, fremu imelala. Sukuma kona ya ulalo mrefu mpaka zilingane, kisha rudia kupima.

Fremu iliyolala kidogo haina hasara kubwa. Ikilala mpaka kona iwe digrii 80 badala ya 90, vipimo vya ulalo vinakuwa 48.4 na 57.5, tofauti ya sentimita 9 ambayo mtu yeyote anaiona toka mlangoni. Ujazo unapungua kwa asilimia 1.5 tu. Ukiona mtu anahangaika na milimita mbili za ulalo wa mdomo kwa nusu siku, mwambie aende kukagua jambo jingine.

Jambo lenyewe ni kupanuka. Boksi lenye kitako cha 40 kwa 35 na mdomo wa 43 kwa 38 limefunguka sentimita moja na nusu tu kila upande. Kwa macho liko sawa. Ulalo wa mdomo ukiupima mara mbili, zote zinalingana, unafurahi. Ujazo wake ni lita 37.9. Kwenye mchanganyiko wa 1:2:4 unatumia maboksi sita ya mchanga na kokoto, na umeingiza lita 17 za ziada kwa mfuko uleule wa simenti. Hiyo ni karibu nusu boksi. Zege linakuwa dhaifu na hakuna aliyeiba simenti.

Kwa hiyo kulingana kwa ulalo peke yake hakutoshi. Kagua mambo matatu, kwa mpangilio huu:

Kwanza, ulalo wa mdomo: viwili sawa, na vyote 53.1 hadi 53.2. Ukisoma 57.4 mara mbili, ni lile boksi lililofunguka.

Pili, ulalo wa chini, kabla ya kupiga kitako: geuza fremu, pima upande wa pili. Lazima usome namba ileile ya juu.

Tatu, ulalo wa boksi zima, ukishapiga kitako: kutoka kona ya chini ya ndani hadi kona ya juu inayoikabili kupitia katikati ya hewa. Ziko nne za namna hiyo, na kila moja isome sm 58.7. Tepu inapinda kwenye kazi hii, tumia ufito ulionyooka, weka alama kwa penseli, kisha pima ufito.

Vipimo vyote vitatu vikikubali, piga misumari mpaka mwisho, kisha pigilia vishikio kwenye mbavu ndefu kwa nje, vikitokeza sm 25 kila upande. Vishikio hivi vina kazi ya pili: vinazuia mbavu zisifunguke mchanga ukizisukuma. Vipigilie karibu na mdomo, si katikati.

Wako mafundi wanaopenda boksi lisilo na kitako. Unaliweka juu ya sakafu ya kuchanganyia, unajaza, unanyanyua fremu, mchanga unabaki. Mgongo unakushukuru. Sharti lake ni sakafu iliyonyooka, maana sakafu ndiyo uso wa chini. Shimo la sentimita mbili chini ya boksi ni lita 2.8 usizozihesabu.

## Hatua ya 6: Hakiki kwa maji

Hesabu imesema 35. Maji yaseme nayo.

Tandika nailoni ndani ya boksi, uilegeze iguse kila kona. Boksi likae mahali palipolala sawa. Tumia pimamaji kama unayo. Mimina maji mpaka yafike ukingoni.

Ukiwa na mizani, pima dumu likiwa tupu, lijaze, lipime tena. Lita moja ya maji ni kilo moja, kwa hiyo unahitaji kilo 35. Ukiwa na dumu la lita 5, ni mara saba, lakini jaza hadi kwenye alama, si hadi shingoni. Madumu mengi yakijazwa mpaka mdomo yanazidi namba iliyoandikwa.

Ukiwa umefanikiwa: maji yanafika ukingoni kati ya lita 34.5 na 35.5, na yanafika kwa wakati mmoja kwenye kona zote nne.

Yakizidi 36: boksi limefunguka. Rudi kwenye ulalo wa mdomo.

Yakipungua 34: ubao ulikuwa mwembamba kwa kimo, au nailoni imejikunja kwenye kona ikaacha nafasi. Kagua nailoni kwanza, ndiyo rahisi.

## Hatua ya 7: Jaza na kata mdomo

Boksi lako lina mbao tano. Uso wa sita ni mdomo, na mdomo ni uso wa hewa. Usipoutengeneza wewe, haupo.

Jaza mchanga upite ukingo, kisha pitisha ule ubao mwembamba ukiwa umelala juu ya mbavu, toka upande mmoja hadi wa pili. Kinachozidi kianguke. Sasa ndipo nyuso zimekuwa sita na kanuni inafanya kazi. Kichuguu kikiachwa juu, chenye wastani wa sm 4 tu, umeongeza lita 5.6 kwa kila boksi.

Usishindilie mchanga, na usilitikise boksi. Mchanga ukitikiswa unashuka, na la pili hutalitikisa sawasawa na la kwanza.

Masika ina somo lake. Mchanga wenye unyevu huvimba. Chembe zinashikwa na maji na kuachana, na mchanga mwembamba unaweza kuongezeka robo nzima ya ujazo wake. Boksi litakuwa limejaa, lakini mchanga wenyewe ni pungufu. Mvua ikinyesha usiku, tumia mchanga wa katikati ya lundo, au ongeza kidogo kwa kila boksi. Kokoto hazina tabia hiyo.

Boksi lililojaa mchanga mkavu lina takriban kilo 55 bila kuhesabu mbao. Ni mzigo wa watu wawili.

## Pale kanuni isipofaa

Tabora ni nchi ya nyuki, kwa hiyo swali la mizinga huja lenyewe. Gogo lililotobolewa ni mche duara, hilo tuliache. Mzinga wa mbao wa vijiti vya juu upo wa namna mbili. Ule unaojulikana kama wa Tanzania una mbavu zilizosimama wima: ni mche mstatili, piga urefu mara upana mara kimo na uendelee na shughuli zako. Ule wa Kenya una mbavu zilizolala kuelekea ndani, upana wa chini ni mdogo kuliko wa juu. Nyuso zake ni sita. Nne ni mistatili, na mbili za mwisho ni trapeza.

Kwa huo, anza na uso wa mwisho. Jumlisha upana wa juu na wa chini, gawanya kwa mbili, zidisha kwa kimo kilichosimama wima, si kwa urefu wa ubao uliolala. Kisha zidisha kwa urefu wa mzinga. Tuseme juu ndani ni sm 44, chini 20, kimo 28, urefu 90. Wastani wa upana ni 32. Mara 28 ni 896. Mara 90 ni 80,640, yaani lita 80.6. Aliyetumia upana wa juu peke yake angeandika lita 110.9 na kuahidi asali isiyoweza kuingia humo.

Bodi ya lori la mchanga mara nyingi ni mche mstatili mzuri. Pima kwa ndani, kwa mita: 3.6 × 2 × 0.5 ni mita za ujazo 3.6. Mita moja ya ujazo ni lita 1,000, si 100. Hapo ndipo wengi wanapodondoka, wanakumbuka kwamba mita ina sentimita 100 na kusahau kwamba imezidishwa mara tatu. Mita moja ya ujazo ni sm za ujazo 1,000,000, na inajaza boksi lako mara 28 na nusu hivi. Kichuguu cha juu ya bodi usikiingize kwenye kuzidisha. Kisawazishe na dereva kabla ya kumwaga, au kikubali kama nyongeza.

Na mchemraba wenyewe, yuko wapi kwenye ujenzi? Yuko maabara. Zege hupimwa nguvu kwa michemraba ya sm 15 kila ukingo, ambayo huvunjwa kwa mashine, kwa kawaida ikifika siku 7 na siku 28. Kila mmoja una lita 3.375 na uzito wa kilo 8 hivi. Kabla ya kuubana, mchemraba hulazwa ubavu, ili ule uso uliosawazishwa kwa mwiko usiguse mashine na nguvu ipite kwenye nyuso mbili laini zilizotoka kwenye kalibu. Inawezekana kwa sababu kila jozi ya nyuso iko umbali uleule. Kwenye boksi letu la 40 kwa 35 kwa 25, kulilaza ubavu kungebadilisha kila kitu.

## Ukitaka boksi la mifuko miwili

Usiongeze kila kipimo mara mbili. Boksi la 80 × 70 × 50 ni lita 280, yaani mifuko minane. Ni ile hesabu ya manila: vipimo mara 2, ujazo mara 8.

Ongeza kipimo kimoja tu. Kimo kikiwa 50 badala ya 25, na kitako kikibaki 40 kwa 35, unapata lita 70. Kwa anayetaka mchemraba hasa, ukingo wa lita 35 ni sm 32.7, na wa lita 70 ni sm 41.2. Ukingo umeongezeka sentimita nane na nusu tu, ujazo umekuwa maradufu.

Lakini mchanga wa lita 70 unafika kilo 110, na hakuna vibarua wawili watakaoubeba toka asubuhi hadi jioni. Jaza la lita 35 mara mbili.